Aspegesi, Neno Lililohamia Sokoni

Ijumaa, Magomeni

Manyunyu tangu alfajiri, jua likatoka saa tano, na sasa ua mzima unanukia udongo. Mwandiko wangu leo ni wa kuku, naujua. Nimeanza ukurasa huu mara mbili, na mara mbili nimenyanyuka kwenda kuzunguka uani bila shughuli yoyote, mpaka mama mwenye nyumba akaniuliza kama nimeshikwa na tumbo. Nikamwambia hapana mama, ni furaha tu. Akaniangalia kwa jicho la mtu anayesubiri kutajiwa jina la mchumba.

Hakuna mchumba. Kuna neno.

Niandike kwa utaratibu, maana najijua. Nikirukaruka hivi, kesho mwenyewe sitaelewa nilichoandika.

Kazini kwetu, kwenye ofisi ya kamusi, kila neno lina kadi yake. Sisi wakusanyaji tunatoka na kadi na penseli kwenda kusikiliza watu wanavyosema: bandarini, gereji, vilabuni, sokoni. Mimi nimepewa Kariakoo. Sheria tunazo tatu, na mhariri wetu mkuu, Ndugu Mwinyikondo, hazichezei hata siku moja. Ya kwanza, neno jipya lisikike kutoka vinywa vitatu vya watu tofauti. Ya pili, msemaji asiwe ndugu wa mkusanyaji. Ya tatu, ambayo ndiyo mama yao, mkusanyaji asilitamke neno yeye kwanza. Uulize unavyojua, uzunguke unavyoweza, lakini neno litoke kwa mwenyewe. Ukilitaja wewe umemlisha, na kadi hiyo inachanwa.

Hiyo ya tatu ndiyo iliyoniponza. Nitaifikia.

Neno lenyewe ni aspegesi. Mjini hapa wengi hawalijui, na wengi waliolijua wameliacha. Zamani, Misa ilipokuwa ya Kilatini, kila Jumapili kabla ya Misa kubwa padri alipita katikati ya kanisa na kifagio kidogo, anakichovya kwenye ndoo ya maji ya baraka na kuwanyunyizia watu, kulia na kushoto, huku kwaya inaimba wimbo ulioanza na neno hilo. Watu wetu wa kusini hawakuwa na habari na Kilatini chake. Walichojua ni kwamba neno likisikika, maji yanakuja. Basi tendo lile wakaliita aspegesi, na kile kifagio nacho wakakiita aspegesi, yakaisha.

Na ndoo ile, aliyekuwa akiibeba ni baba yangu.

Siku sita za wiki Baba alikuwa kuli bandarini, anabeba marobota ya katani mpaka mgongo ukakataa. Siku ya saba anavaa kanzu nyeupe, anabeba ndoo ya shaba, hatua moja nyuma ya padri. Miaka ishirini na miwili. Mimi nilikuwa mdogo, nakaa upande wa wanawake na marehemu Mama, na Baba alipofika usawa wetu nilikuwa nafumba macho ili tone likinipata liwe la ghafla. Nyumbani akishavua kanzu alituambia, leo aspegesi imekwenda vizuri, au leo aspegesi ilikuwa ya haraka, Padri alikuwa na homa. Neno hilo kwetu lilikuwa la kawaida kabisa, kama chai.

Halafu Misa ikawa ya Kiswahili. Sote tulifurahi, na mimi nilifurahi, kwa mara ya kwanza nikajua naitikia nini. Lakini aspegesi ikaondoka pamoja na Kilatini. Padri kijana aliyekuja alimwambia Baba, kwa upole kabisa sina ubaya naye, kwamba ndoo imewekwa stoo. Baba akasema ndiyo Padri, akahamia benchi la nyuma. Hakulalamika. Ila Kwaresima iliyopita alijaribu kuwasimulia vijana wa kwaya habari za siku zile, na alipolitaja lile neno wakaangua kicheko. Mmoja akasema linafanana na jina la dawa ya minyoo. Baba naye akacheka nao. Walipoondoka akaniambia, taratibu, kwamba lile neno limekufa na yeye hatalisema tena. Na kweli, tangu siku ile sijalisikia kinywani mwake.

Iliniuma. Sijui nieleze vipi. Mtu anafanya kitu miaka ishirini na miwili, halafu jina la kitu chenyewe linakuwa kichekesho.

Basi nikajisemea moyoni, neno hili litaingia kwenye kamusi ya taifa, na litaingia na maana yake ya kanisani, ile ya Baba. Likishachapishwa, aje mtu acheke. Baba sikumwambia kitu. Kumwambia kungekuwa kumlisha, na hata hivyo yeye ni baba yangu, sheria ya pili imemfunga. Nilikuwa natafuta vinywa vingine, na kwa kweli sikujua vya kutafuta wapi.

Vikajitafuta vyenyewe. Kariakoo!

Wiki tatu zilizopita nilikuwa sokoni naandika majina ya vipimo vya mboga, fungu, mkono, tita, mambo hayo. Nimesimama kwa Mama Kalista, mama mmoja wa Kimwera anayeuza mchicha na matembele. Jua la saa tano lilikuwa limepania. Mboga zikianza kunyong'onyea, wauza mboga wana kopo la maji na kifagio kifupi cha chelewa, wanachovya na kunyunyiza ili majani yasimame. Nimeona jambo hilo maisha yangu yote, hata silioni tena. Mama Kalista akapapasa chini ya meza, hakukipata kifagio chake, akamgeukia jirani yake akauliza kwa hasira nani kamchukulia aspegesi yake.

Shajara, penseli ilinidondoka.

Niliiokota, nikajitia hamnazo, nikamwuliza eti mama, umepoteza nini? Akalirudia. Nikaandika. Baadaye akanieleza kwamba amelelewa misheni, bustani ya masista, na huko kunyunyizia miche maji waliita kupiga aspegesi, na alipokuja mjini akaja nalo kama alivyokuja na sufuria zake. Wenzake wa mezani wakalichukua.

Kinywa cha pili nilikipata siku ya nne yake. Kuna mchukuzi wa mkokoteni, Chitanda, mtu wa Newala, mwenye maneno mengi kuliko mizigo. Mkubwa mmoja wa soko alikuwa amepita mbio akiwapungia mkono watu wote kwa pamoja, hakusimama hata kwa mmoja. Chitanda akasonya, akasema mkubwa leo katupa salamu za aspegesi. Nikamwuliza salamu za namna gani hizo. Akanishangaa. Akasema ni zile za kurushiwa kila mtu tone lake, hakuna anayelowa. Mimi nikacheka peke yangu mpaka watu wa ndizi wakanigeukia.

Lakini cha tatu ndicho kilichonimaliza. Bi Tatu, naye muuza mchicha, jirani wa Mama Kalista wa upande wa pili, amezaliwa mtaa wa Gerezani, mama yake Gerezani, bibi yake Gerezani, Mwislamu wa kuswali swala tano, kanisa anapita nje tu. Siku hiyo ilianza mvua nyembamba, watu wakafurahi, yeye akainua uso na kusema hii si mvua, hii ni aspegesi tu, chukueni makopo mwendelee kunyunyiza. Nikasogea. Nikamwuliza kwa adabu zote, shikamoo Bi Tatu, hilo neno ulilosema ni la lugha gani? Akaniitikia marahaba, halafu akanitazama kwa huruma, kama anayemtazama mgonjwa. Akaniambia, mwanangu, hicho ni Kiswahili, Kiswahili cha zamani, cha bibi zetu, kwani wewe ni mtu wa wapi?

Mtu wa wapi! Nimezaliwa hospitali ya mjini hapa hapa.

Niliondoka sokoni siku ile natembea juu juu. Neno la Kilatini limeingia kanisani, limetoka kanisani, limelala kwenye mchicha, na sasa Bi Tatu analidai ni la bibi yake. Nikasema ofisini wataniimba.

Tatizo nililiona nilipokaa kuzipanga kadi. Kadi zote tatu ni za sokoni. Kifagio cha mboga, salamu za haraka, mvua ndogo. Ya kanisani hakuna hata moja. Kwa maana ya nyongeza sheria yetu haidai vinywa vitatu, kimoja kinatosha, lakini kiwe cha mtu aliye hai na kiseme chenyewe. Yaani neno lingepita, na Baba angebaki nje.

Nikaanza kuwazungukia watu wa kanisa. Niliuliza akina mama wa chama, zamani padri alipokuwa anapita na maji mlikuwa mnakiitaje kile kitendo? Wote wakasema kunyunyizia. Wengine wakasema maji ya baraka. Niliuliza mpaka nikaanza kukwepwa mlangoni. Mwishowe Jumanne hii nikaenda parokia nyingine, kwa Mzee Damiani, mtunza sakristia, aliyekula chumvi nyingi kuliko wote. Nikakaa naye nusu saa nzima. Akanieleza ndoo, akanieleza kifagio, akanieleza rangi ya joho la padri. Jina hakuna. Halafu akasimama, akajishika paji la uso, akasema tendo lile lilikuwa na jina lake, liko hapa hapa mdomoni, lilianza na a...

"Aspegesi!"

Ni mimi huyo. Mimi na mdomo wangu. Nilishindwa kujizuia, lilinitoka kama chafya.

Mzee Damiani akapiga makofi, akasema hilo hilo, Mungu akubariki. Na mimi nikatamani kulia pale pale. Lilikuwa limebaki kidogo tu litoke lenyewe. Ningevumilia kwa kumeza mate mara moja tu. Kinywa pekee cha kanisani nilichokipata, nimekitia mchanga kwa mkono wangu.

Sasa hapa ndipo pa kuona haya, na ndiyo maana nina shajara. Kadi niliijaza. Niliandika jina la Mzee Damiani, nikaandika neno, nikaandika maana, na kwenye ile nafasi ya kueleza limepatikanaje nikaandika kwamba amelitamka mwenyewe. Siku tatu nimetembea na kadi hiyo kwenye mkoba. Nikajipa moyo kwamba alikuwa analijua, kwamba alishafika kwenye a, kwamba kuna tofauti gani. Jumatano usiku nilikuwa nimekwishajiamini kabisa. Alhamisi nikashindwa kula.

Leo asubuhi kikao. Wajumbe wanne, chai ya rangi bila sukari maana duka la ushirika limetuambia tusubiri, na kadi za wiki katikati ya meza. Zilipofika zangu, Ndugu Mwinyikondo alizisoma kwa sauti ile yake ya kusoma matangazo ya vifo. Alipofika kwa Bi Tatu alicheka. Sijawahi kumwona akicheka ofisini, hata wajumbe waliangaliana. Mjumbe mmoja akapinga. Akasema nchi hii inajenga lugha yake, tumetoa jasho kuondoa maneno ya kikoloni, sasa tunakwenda kuokota Kilatini? Nikaona mambo yanaharibika. Lakini Ndugu Mwinyikondo akamjibu kwamba Bi Tatu hakulipata Roma, kalipata kwenye mchicha, na mwenye kulitumia ndiye mwenye neno. Wakapiga kura. Likapita.

Nilitaka kuruka. Sikuruka kwa sababu nilijua kinachofuata.

Akauliza, na hii maana ya kanisani uliyoiandika kwa penseli pembeni, nani kaisema?

Mkono wangu ulikuwa ndani ya mkoba, umeshika ile kadi. Naikumbuka hata ncha yake iliyokunjika. Nilikuwa nimepanga kuitoa kama mtu anayetoa tiketi, bila neno. Nikaitoa. Halafu nikamtazama Ndugu Mwinyikondo, na yeye akanitazama, na nikasikia sauti yangu inasema kadi hii nimeiharibu, nilimlisha.

Akaipokea, akaisoma, akaichana mara mbili, akaitia kwenye kapu. Hakunigombeza. Ingekuwa nafuu angenigombeza. Akasema basi maana hiyo tuiache, tuendelee na neno linalofuata.

Sijui nguvu niliipata wapi. Mwaka na nusu kwenye ofisi ile sijawahi kufungua kinywa kikaoni ila kujibu. Nikasema Ndugu Mhariri, tukiiacha tutakuwa tumewaambia watu kwamba neno hili limezaliwa kwenye mboga, na si kweli. Nikasema yupo mtu hai ambaye neno hili lilikuwa lake, alilitembeza kanisani miaka ishirini na miwili, na kosa lake moja tu ni kunizaa mimi. Machozi yakaanza kunitoka mbele ya wajumbe, fedheha iliyoje, nikajifuta na karatasi ya ajenda.

Ndugu Mwinyikondo akavua miwani. Akaifuta muda mrefu.

"Sheria inasema msemaji asiwe ndugu wa mkusanyaji," akasema. "Mkusanyaji nikiwa mimi je?"

Akachukua kadi moja tupu, akaitia mfukoni mwa shati, akaniambia akitoka kwenye swala ya Ijumaa atapitia ofisini kidogo, saa kumi atakuwa Magomeni. Akaongeza kwamba mimi nitakuwepo, lakini nikifungua mdomo hata kwa kupiga mwayo, amekwenda zake.

Nilifika nyumbani mbio. Nikafagia baraza, nikachemsha tangawizi, nikamwambia Baba mkubwa wangu wa kazi anakuja kumsalimu. Basi. Zaidi ya hapo sikumwambia, naapa mbele ya karatasi hii.

Saa kumi kamili akaingia, kanzu na kofia yake ya Ijumaa, akamwamkia Baba shikamoo Mzee, Baba akaitika marahaba, wakaketi. Mimi nikakaa kizingitini na pindo la khanga mdomoni, nimeling'ata kweli kweli. Wakaongea mvua, wakaongea mgongo wa Baba, wakaongea bandari. Halafu Ndugu Mwinyikondo akamwambia amesikia zamani Mzee alikuwa msaidizi kanisani, alikuwa akisaidia nini?

Baba akasema alikuwa anambebea padri ndoo. Ndoo ya nini? Ya maji. Maji ya kufanyia nini? Ya kuwanyunyizia watu.

Nikameza mate. Ndugu Mwinyikondo akazungukia huku, akazungukia kule. Ni fundi, nimejifunza zaidi leo kwa kumtazama kuliko mwaka mzima. Akauliza kifaa gani kilitumika. Baba akasema kifagio. Akauliza shughuli hiyo ilikuwa na wakati wake? Baba akasema kabla ya Misa. Mpaka akasimama na kuonyesha, mgongo wake ule ule mbovu, kijiko cha chai kwa mkono mmoja na kikombe kwa mwingine, hatua moja nyuma ya padri asiyekuwepo, kulia, kushoto, anasubiri, anasogea. Alikuwa anapendeza. Lakini kila alipofika pa kutaja, alisema "kule kunyunyizia".

Na mimi nikaelewa. Alikuwa anamwangalia Ndugu Mwinyikondo kofia. Alikuwa anajiuliza mgeni Mwislamu, mtu mkubwa wa ofisi, nimsumbue na maneno yetu ya kanisani ya nini? Alikuwa anamchagulia maneno mepesi, kwa heshima. Na pengine alikuwa bado anawasikia wale vijana wakicheka. Nikataka kupiga kelele, Baba, ni wewe tu, sema! Rangi ya khanga niliionja mpaka kooni. Sikusema.

Penseli ya Ndugu Mwinyikondo ilikuwa haijagusa kadi. Ilipokaribia saa kumi na moja akamaliza tangawizi yake, akaangalia saa, na nikajua amekata tamaa. Akasema Mzee, nimefurahi sana, nikuandike tu kwenye kumbukumbu zangu kwamba nilifika. Akamwuliza jina, Baba akataja. Akamwuliza kuzaliwa, Baba akataja kijiji na misheni.

Akamwuliza kazi.

Hapo hata sikusikiliza. Kila fomu niliyowahi kumjazia Baba, ya hospitali, ya pensheni, ya kadi ya chama, kwenye kazi nimeandika kuli wa bandari. Macho yangu yalikuwa chini, nawaza nitakavyolia akishaondoka mgeni.

Kijiko cha Baba kikagonga kikombe, nikainua kichwa. Alikuwa anaitazama mikono yake, kijiko bado anacho.

"Andika mtu wa aspegesi," akasema.

Ndugu Mwinyikondo hakuinua uso. Akauliza kwa sauti ya chini kabisa, mtu wa nini, Mzee?

"Aspegesi." Akalitamka taratibu, kipande kwa kipande, kama unavyomtamkia karani mgumu wa kuandika. "Bandarini nilikuwa kibarua tu."

Penseli ikaanza kwenda. Nilikuwa naisikia. Nilitoka kizingitini nikaenda jikoni, nikashika nguzo, nikacheka na kulia vyote kwa pamoja, na hakuna aliyenikataza kwa sababu kazi ilikuwa imekwisha. Niliporudi Ndugu Mwinyikondo alikuwa ameshamweleza Baba yote, kamusi, kadi, sheria zetu, mpaka Bi Tatu na mchicha wake. Baba alikuwa ameishika kadi, anaisoma kwa kidole. Alipofika mwisho akaanza upya. Akauliza hii inabaki? Ndugu Mwinyikondo akasema inabaki, Mzee.

Akauliza swali lingine ambalo sikulitegemea. Akataka kujua huyo Bi Tatu wa sokoni akinyunyizia mboga anaanza kulia au kushoto. Ndugu Mwinyikondo akakiri kwamba hilo hatukuliandika. Baba akatikisa kichwa kwa masikitiko, akasema ni uzembe.

Kwa hiyo Jumatatu nina kazi ya kufanya. Lazima pia nirudi kwa Mzee Damiani kumwomba radhi, maana jina lake nililiandikia uongo na yeye hana habari. Hilo nimeahidi, na nikiliandika hapa siwezi kulikimbia. Sijui kama ningesema ukweli kikaoni endapo Ndugu Mwinyikondo asingenitazama. Najiuliza tangu mchana na sipati jibu la kunipendeza.

Lakini leo niache nifurahi. Hapo barazani amekuja fundi cherehani wa nyumba ya pili, na Baba anamsimulia habari za mgeni. Namsikia kutoka huku chumbani. Amelitaja mara nne sasa, na wala hashushi sauti.

Naweka kalamu nikamsikilize.